Betri Iliyongoja Mkaguzi

Serikali ilipotangaza kwamba itachangia nusu ya bei ya sola na betri, wa kwanza kufika ofisini Nakasero, jijini Kampala, alikuwa Obwona, askari mstaafu wa Mbuya, viatu vinang'aa kama anakwenda gwaride. Wenzake walitaka taa na televisheni. Yeye alitaka pumzi. Mkewe Adong alikuwa na pumu, na mashine yake ya kuvuta mvuke wa dawa ilinyamaza kila umeme ulipokatika. Umeme wa Mbuya nao, kama mgeni mwenye aibu, haukawii kuaga.

Binti wa ofisini akamweleza kwamba mkaguzi angepita nyumbani kuviona vifaa, maana wajanja walivichukua kwa bei ya serikali wakaenda kuviuza. Hayo tu. Lakini Obwona alikuwa amekula chumvi ya jeshi, na jeshini kinachongoja ukaguzi hakiguswi. Blanketi la ukaguzi hukunjwa pembe nne juu ya kitanda, na mwenyewe hulala sakafuni akitetemeka, tena kwa fahari.

Vifaa alivichukulia katika soko la Kikuubo, dukani kwa Mbambu, mama wa Kikongo mwenye ulimi mtamu.

"Papa, betri ni kama mume," Mbambu alimwonya. "Ukiiacha ikae bila kazi, inaoza."

Obwona alicheka mpaka akakohoa. Kisha akabeba betri hadi nyumbani, akaiweka sebuleni, akaifunika kitambaa cha kufuma. Fundi aliyekuja kufunga paneli alirudishwa mlangoni. Kila asubuhi mzee aliifuta vumbi.

"Afande, huyu mke mwenza umemwoa lini?" Adong akamtania. "Mimi hujanifunika kitambaa kizuri hivyo hata siku ya harusi."

Mumewe akamwomba avumilie, mkaguzi yuko njiani. Mvua zikaja, zikaisha. Njia hiyo ilikuwa ndefu.

Adhuhuri moja umeme ulikatika, na kifua cha Adong kikabana. Alikaa mkekani, mgongo ukutani, mabega yakipanda na kushuka. Obwona akasimama mbele ya betri. Hata hapo, Mungu amsamehe, alitazama mlangoni kwanza.

"Afande," Adong akasema, maneno yakimtoka vipande vipande. "Nimeshakagua mimi. Washa."

Akakitupa kitambaa, akaunganisha nyaya. Mashine ikaguruma kidogo, ikanyamaza. Betri ilikuwa imekufa zamani pale pale chini ya kitambaa, safi, bila hata chembe ya vumbi.

Alimbeba mkewe mgongoni mpaka barabarani, wakapanda boda. Njia nzima alimwambia, "Tumefika, mama, tumefika." Waliposimama hospitalini alikuwa akiyasema peke yake.

Matangani, jirani yake Faustino, polisi, alikuja kukaa naye. Faustino naye alipata betri ya serikali, na nyumba yake iliwaka tangu siku aliyoileta. Mkaguzi alimpitia mwishowe, akauliza kama hajaiuza, akanywa chai, akaenda zake.

"Lakini, Afande," Faustino akauliza kwa upole, "nani alikukataza kuwasha?"

Obwona akafungua kinywa amtaje. Moyoni akampitia yule binti wa Nakasero, akampitia Mbambu, akawapitia makamanda wake wote, walio hai na waliozikwa. Chai ikapoa mkononi, naye bado hajampata wa kumtaja.