Fundi Haitwi

Mahakama ikimwita mtu, mtu huenda. Lakini Fundi, bwana wee, haitwi. Samansi ilipoletwa karakanani aliikunja, akaitia chini ya mguu wa meza inayoyumba, kisha akaendelea kuchonga mbele ya mkewe kana kwamba ametenda jambo la maana.

"Niliyemfundisha kushika msumeno ndiye wa kunipeleka kortini?" alisema.

Huyo aliyefundishwa sasa ni mwuza mbao, naye alikuwa anadai bei ya mbao alizomkopesha Fundi. Uongo mtupu. Fundi alishamlipa kwa kazi: walikubaliana kwa mdomo, akamtengenezea milango ya nyumba nzima, na jamaa anaifungua na kuifunga kila siku ya Mungu bila haya. Kilichotakiwa ni Fundi kuvaa shati safi, kusimama mbele ya hakimu na kusema, "Nendeni mkaitazame."

"Nenda ukaseme, baba," mkewe alimsihi. "Milango ile ni mkono wako, nani ataikana?"

"Nikajieleze kwa vitoto? Sina muda huo."

Muda alikuwa nao. Siku ya kesi alishinda barazani akicheza drafti. Huko mahakamani karani alitoka kwenye korido akaliita jina lake mara tatu, kama wafanyavyo. Mwuza mbao akasema yake, hakuna wa kumbishia, na hukumu ikatolewa ya upande mmoja.

Dalali wa mahakama alikuja na lori. Hakuhangaika na vitanda vilivyoishia njiani bila kumalizwa. Alikwenda moja kwa moja kwenye mashine ya randa. Mke wa Fundi alimkimbilia. Mashine ile ilikuwa yake. Aliinunua kwa fedha za kiwanja alichoachiwa na mama yake, na hakuwa na kingine duniani.

"Mama, kama ni yako, peleka pingamizi," dalali alimwambia. "Mumeo akithibitisha mbele ya hakimu, utarudishiwa."

Safari hii Fundi alikwenda, maana mkewe alimpigia pasi suti na kumsindikiza mpaka kitini. Hakimu alimuuliza swali moja tu: mashine ni ya nani?

Watu walikuwa wamejaa. Mwuza mbao alikaa mbele, anatabasamu. Mtaa mzima Fundi alishautangazia jinsi alivyojinyima mpaka akainunua mashine ile. Mkewe aliyaona mabega ya mumewe yakipanda, akajua limekwisha. Mjinga hata umvishe suti, ujinga hauvuki.

"Mwanamke aninunulie mimi mashine?" Fundi alisema. "Ni yangu."

Pingamizi likatupwa. Mashine ikapigwa mnada, na aliyeinunua ni mwuza mbao.

Jioni Fundi alikaa kwenye karakana, pale palipobaki alama za miguu ya mashine sakafuni, akangoja chai. Mkewe alikuwa chumbani anafunga begi. Hakuwa na hasira tena. Alimdharau tu, dharau iliyotulia, na akashangaa jinsi inavyompunguzia mzigo.

"Mama watoto," Fundi aliita. Akaita tena. Mara ya tatu aliita kwa sauti ndogo ambayo hakuna mtu mtaani aliyewahi kuisikia kwake.

Mama watoto alisikia. Alichukua begi lake, akapita mlango wa nyuma, akaurudishia. Ulifungika bila hata kulia. Milango, jamani, alijua kuitengeneza.