Mpaka Bi Kaburi Aseme Kata

"Tena," alisema Bi Kaburi. "Kufa tena, mjomba. Hapo umelala kama mtu aliyeshiba."

Mzee aliyekuwa ndani ya shimo alifumba macho, akakunja mikono kifuani, akafa tena. Koleo likammwagia udongo miguuni. Jicho, mpiga kamera, akameza kicheko. Tangu asubuhi mzee yule alikuwa humo humo. Brashi na poda vilimfuata chini, naye hakupanda juu. Kila alipokufa, mwongozaji aliona kasoro mpya. Mara kope zimecheza. Mara tumbo limepanda. Mara amekufa kwa furaha mno. "Tena" lilisemwa mpaka likachakaa. "Kata", neno la kusimamisha kamera, halikusemwa hata mara moja.

Jina la Bi Kaburi alipewa na magazeti, naye akalipokea kama koti la kuazima: halikuwa zuri, ila lilimkaa. Hakuna filamu yake isiyokuwa na maiti. Waandishi walipomuuliza kwa nini mwanamke mcheshi kama yeye anapenda giza, alijibu, "Gizani hakuna anayekuomba utabasamu." Wakacheka, wakaandika. Hakuna aliyegundua kwamba maiti wote wale walikuwa wanaume warefu, wenye sharubu nyembamba na pete kwenye kidole kidogo. Alikuwa amekwisha kumuua mjomba wake kwa sumu, kwa panga, kwa lifti mbovu, na safari moja kwa nyuki.

Safari hii aliagiza aletwe mwenyewe, mzima mzima. Mjomba, ambaye zamani sura yake ilijaa kwenye kila bango na sasa hata majirani walikuwa wanamsahau, alikuja na suti yake ya enzi zile. Aliambiwa kuna nafasi. Hakuambiwa ni ya kulala.

"Mpwa wangu," aliuliza, sharubu zimechanwa vizuri, "maneno yangu yako wapi?"

"Huna maneno, mjomba. Wewe umekufa."

Maneno aliyatumia yote siku ile, miaka mingi nyuma. Filamu ya kwanza ya Bi Kaburi aliiandika mwenyewe, akaiongoza mwenyewe, uani kwao, mjomba akiwa ndiye staa. Ilipokamilika mjomba akasema, "Niachie mimi niipeleke kwa wenye majumba ya sinema, mimi wananijua." Akaipeleka. Siku ya kuonyeshwa, mama alishona gauni jipya, akakaa mstari wa mbele kusubiri jina la bintiye. Jina lililotokea lilikuwa la mjomba. Kisha mjomba akapanda jukwaani, akamvuta mpwa wake kwa bega. "Na huyu," akawaambia watu, "ndiye aliyekuwa akituletea chai!" Ukumbi mzima ukapiga makofi.

Njiani kurudi nyumbani, mama alimshika mkono bintiye. "Jina lako limepita haraka, mwanangu. Nilipepesa macho."

Mpaka anafariki aliamini kosa lilikuwa la macho yake.

"Bi Kaburi," Jicho alinong'ona, "mawingu hayo yanakuja. Na mzee wa watu ameganda humo. Umpe mkono basi, atoke."

Ndiyo ilikuwa desturi ya kikosi chao: anayekufa hainuki mwenyewe. Mwongozaji humshika mkono, akamvuta na kumwambia, "Karibu tena duniani." Ilianzishwa na mama, uani kwao, alipomwona mdogo wake, mjomba huyu huyu, amelazwa shimoni na roho ikamruka, akakimbia mbele ya kamera na kumvuta kwa mikono miwili. Picha ikaharibika, watu wakacheka mpaka wakakaa chini. Tangu hapo Bi Kaburi hakuwahi kumnyima mfu mkono wake, hata wale waliokuja kufa kwa kutwa moja tu.

"Nendeni mkanywe chai," alisema.

"Na kamera?"

"Kamera haina kiu."

Waliondoka wakitazamana. Bi Kaburi akakaa ukingoni, miguu ikining'inia shimoni. Kwenye kamera taa nyekundu iliendelea kuwaka.

"Chai imefika, mjomba. Sikuleta mimi."

Mzee hakufumbua macho. Mfu haamki kabla ya kata: mjomba mwenyewe ndiye aliyemfundisha, enzi hizo Bi Kaburi akiwa bado anabeba nyaya. Labda ndicho kitu pekee alichompa bila kumnyang'anya.

"Unajua dada yako alisema nini usiku ule?" Akamwambia. Akamwambia habari za gauni, za njiani, za macho yaliyopepesa. Hakupandisha sauti. "Aliyalaumu macho yake, mjomba. Wewe hata hakukufikiria."

Chozi likatoka pembeni mwa jicho lililofumbwa, likachimba mfereji kwenye poda mpaka sikioni.

Bi Kaburi aliinama kulitazama vizuri. Lilikuwa chozi, au lilikuwa kazi? Kwa mtu yule, hata malaika wa kuhesabu dhambi angeomba kutazama mara mbili. Akaitafuta kifuani ile furaha aliyokuwa ameilea miaka yote, akakuta bado ana njaa.

"Maiti halii," alisema. "Umeniharibia picha. Tena."

Mzee hakufa tena. Macho yakiwa yamefumbwa vile vile, mkono wake mmoja ulianza kunyanyuka kutoka kwenye udongo, taratibu, wenye pete kwenye kidole kidogo. Ulipanda mpaka ukafika karibu na viatu vya Bi Kaburi, ukasimama hapo, kiganja wazi.

"Nani kakuambia uamke?"

Mkono haukushuka.

Tone la kwanza la mvua likaangukia kile kiganja. Bi Kaburi alijifuta mkono wake kwenye suruali, akaufuta tena, kisha akageuka kuitazama kamera. Taa nyekundu ilikuwa bado inawaka.