Mungu wa Bati wa Kodambakkam

Mume wangu Dhandapani hakuwa mungu. Alikuwa mwigizaji mdogo wa studio za sinema za Kodambakkam, jijini Madras, na akilala anakoroma. Lakini nenda kawaambie watu wa jiji hilo!

Alipewa kuigiza mgeni aliyeshuka kutoka nyotani, ndani ya suti ya bati inayokazwa kwa skrubu mgongoni. Sinema ya familia nzima, walisema, na ya aina hiyo hatukuwahi kuiona. Wiki ya kwanza watu, waliozoea sinema za miungu, walitoka wamenuna. "Huyu ni nani sasa? Mungu gani hana hata mke?" Bosi wake, Sivagnanam, akamsimamisha na suti yake mlangoni pa ukumbi wa sinema awavute watoto. Bibi mmoja akamtazama, akavua viatu, akavunja nazi miguuni pake kama yuko hekaluni. Basi! Kesho yake foleni ilifika barabarani, kina mama na vitoto vyao, kafuri inafuka.

Siku hiyohiyo mwanetu alikuwa apewe jina. Kwetu baba mwenyewe ndiye humnong'oneza mtoto jina sikioni mara tatu, kabla saa ya nuksi haijaingia. Wageni wameketi, mama mkwe ananitolea macho. Nikatuma mtu akamwite. Sivagnanam akajibu: "Mwambie dada, mungu havuliwi mbele za watu. Wakiona jasho, sinema imekufa."

Nilichemka. Nikambeba mwanangu, nikapanga foleni kwenda kumwona mume wangu mwenyewe!

Nilipofika mbele, matundu ya macho yalikuwa yamezibwa na liwa na unga mwekundu aliopakwa na waumini. Nikamwinua mtoto. Sauti iliyokauka ikatoka: "Ubarikiwe, mama. Sogea."

"Nisogee wapi! Dhandapani, ni mimi."

Kisha nikamsikia analia mle ndani. "Alamelu, nifungue. Pumzi zinaniishia."

Nikapapasa mgongoni pake. Skrubu zilikuwa zimefunikwa na mashada ya maua, na mlinzi akanidaka mkono. "We mama! Mungu hashikwi mgongo."

"Haya, basi mpe mtoto jina," nikamwambia, machozi yananitoka. Nikaliweka sikio la mwanangu kwenye tundu la mdomo.

"Kathiresan," akanong'ona. "Kathiresan. Kathiresan."

Mwanamke wa nyuma yangu akapiga ukelele. "Amesema! Jamani, mungu anatoa majina!"

Foleni ikavunjika. Nikasukumwa mpaka nje, nimemkumbatia mwanangu. Nilipogeuka sikumwona tena mume wangu. Niliona watoto tu, wanainuliwa juu ya vichwa, na kila mama analia: "Na wangu! Usiondoke, mpe na wangu!"