Sauti ya Mama Mkwe

Kwa miaka sita mimi ndiye niliyekuwa Tomie Murase wa Isipingo, huku kusini mwa Afrika. Usicheke. Yeye aliigiza huko Japani, mimi nikamsemea kwa Kiswahili katika stoo ya duka la simu la Doudou, karibu na stendi ya teksi, blanketi zimetundikwa ukutani ili honi zisiingie kwenye kinasa sauti. Nilisoma maandishi ya Kifaransa chini ya picha, nikageuza, nikasema. DVD zikaenda kwa Wakongo na kwa Warundi wenzangu, hadi saluni za mtaa wa Overport.

Nilianza naye 2008, akiwa daktari mrembo anayepigania penzi lake kwa vipindi ishirini na vinne. Mwaka 2011 akawa dada mkubwa wa mrembo. Nilinung'unika, lakini nikamsemea. Mwaka 2014 Doudou alileta tamthilia mpya, na pamoja nayo Tina, binti wa miaka ishirini.

"Maman Goreth, hii mwaka star ni ule mutoto. Tina atamusemea. Wewe utasemea Tomie, sasa ni belle-mère, mama mkwe."

"Belle-mère iko na maneno ngapi?"

"Kidogo. Analeta chai." Akaongeza bila kunitazama, "Clients wakichoka naye, Tina atasemea wote. Eish, usikasirike."

Nilikasirika sana. Nilikuwa na miaka arobaini na saba, sawa na Tomie. Nilimtazama mwanamke aliyewahi kuwaliza watu wazima akiweka sinia, akiinama, akitoka. Nikasema moyoni, huyu hatoki hivi hivi mbele yangu.

Basi nikaanza kumwongezea. Kila alipogeuza mgongo na mdomo wake usionekane, nilimtilia maneno. Akitoka na sinia: "Nyumba hii nimeijenga mimi, na bado mnanituma kama tarishi." Akifunga dirisha: "Binti, hata mimi niliwahi kupendwa." Tina alicheka mpaka akashika meza. Kufikia kipindi cha tano wateja walikuwa wakija kuulizia "ile ya mama mkwe". Doudou, ambaye hatazami chochote ila simu za watu, alidhani Wajapani wameandika vizuri.

Kisha kikaja kipindi cha mwisho, na siku hiyo Doudou akaketi nasi stoo. Mwana na mkewe wamehama. Tomie yuko jikoni peke yake. Anapima mchele vikombe vitatu, anasimama, anakumbuka. Anarudisha viwili kwenye debe. Kamera iko usoni pake dakika mbili nzima, na chini ya picha hakuna neno.

Nilikuwa na maneno tayari, nimeyaandika tangu jana yake, mazuri. Lakini nilimwona mkono ukikaa juu ya debe, hautaki kulifunga, nikaona aibu. Msimu mzima nilidhani namsaidia. Nikageuza karatasi.

"Sema!" Doudou alininong'oneza. "Watafikiri DVD imeharibika, watarudisha!" Niliikunja karatasi nikaitia mfukoni. Akamwonyesha Tina kidole aseme yeye. Tina alinitazama, akajitenga na kinasa sauti.

Tulipomaliza, Doudou alibeba kiti changu akakiweka nje ya stoo, kando ya kaunta. "DVD moja ikirudi, Maman, kazi yako ya sauti imeisha."

Jumamosi DVD moja ikarudi. Bernadette, anayesuka nywele Overport, aliingia ameishika mkononi.

"Imeharibika?" Doudou akauliza.

"Hapana. Nataka ingine ya kutuma Bujumbura, kwa mama." Akanigeukia, macho yake mekundu. "Mama Goreth, ile alisema pale kwa muchele, unirudilie kidogo. Nataka nimuandikie mama. Tangu niondoke, yeye anapikaga peke yake."

Ningeweza kusoma karatasi yangu. Ilikuwa bado mfukoni.

"Pale hakusema kitu, Bernadette."

"Alisema," akanikatalia, karibu kunigombeza. "Nilimusikia na haya masikio yangu."

Doudou alisikia yote. Hakunisifu, si tabia yake. Alimfungia Bernadette DVD ya pili, kisha akainua kiti changu, akakirudisha stoo.