Kurasa Mbili Zilizorukwa

Kimya alikuwa amepiga magoti, pini nne mdomoni, akipima upindo wa sketi ya muuza mayai, aliposikia maneno yake mwenyewe yakisomwa juu ya kichwa chake.

"Huyu mjane kiboko!" Muuza mayai alikuwa na simu mkononi, anacheka hadi sketi inacheza. "Eti anamwambia shemeji yake, 'Kaburi la mume wangu halina mlango wa nyuma.'"

Sentensi hiyo Kimya aliiandika mwaka juzi, kwenye meza ile ile ya kukatia, akisubiri pasi ipate moto. Akatema pini kiganjani.

"Umeipata wapi?"

"Humu simuni, kwenye kundi letu la wasomaji. Bure kabisa. Mtu kakipiga picha kitabu kizima. Hujakisoma?"

"Nimekisoma," akasema Kimya. "Hebu niingize na mimi."

Kitabu alikichapisha mwenyewe, nakala mia moja, kwa pesa za kushona sare za shule msimu mzima. Arobaini zilikuwa bado ndani ya gunia chini ya meza. Zisipotoka hizo, kitabu cha pili kingebaki kwenye daftari, pengine hadi panya wamalize kukisoma.

Mchana huo alizipitia picha moja moja. Jalada lenye jina lake halikuwamo. Ila ukurasa wa kumi na mbili ulikuwa na kidole gumba kinachoubana usijifunge. Ukucha wake ulikuwa umepasuka katikati, kama kwato ya mbuzi.

Kimya aliinua macho. Mbele yake dada yake alikuwa akisukuma kitambaa kwa kidole hicho hicho. Sindano ya cherehani ilikipasua, na Kimya ndiye aliyeing'oa kwa koleo. Kweli, kikulacho ki nguoni mwako.

Siku tatu aliendelea kushona kando yake. Duka lilikuwa la dada, cherehani ya dada, hata godoro analolalia la dada. Kundini tu ndiko alikoandika: "Mwandishi ni mimi. Kitoeni." Wakamjibu kwa vicheko. "Fundi cherehani kaishia shule ya msingi, leo anatufundisha sheria!"

Lakini siku ya nne kundi likawaka moto. Kurasa za themanini na nne na themanini na tano hazikuwamo, na hapo ndipo mjane anapofungua sanduku la marehemu mumewe. Mkuu wa kundi akaandika kwa unyenyekevu: "Mwandishi, tutupie hizo mbili tu. Usiwe mkono wa birika."

Kimya akaiweka simu mbele ya dada yake, picha ya kidole ikiwa wazi.

Dada akaitazama. Akakunja gumba ndani ya ngumi.

"Nilimtumia shoga yangu mmoja tu. Nilikuwa naringa na wewe, mdogo wangu. Nilikutangaza!"

"Hukunitangaza, dada. Umenianika. Tena umelamba kidole, ukageuza karatasi mbili kwa pamoja."

"Na hiyo cherehani unayoshonea ni ya nani?"

"Yako. Na kitabu ni cha nani?"

Dada akarudisha macho kwenye kitambaa.

"Waambie kundini," Kimya akasema. "Kwa sauti yako."

"Niaibike mbele ya watu elfu? Thubutu!"

Kimya akavua futi ya kupimia shingoni, akaikunja, akaiweka mezani. Akachukua daftari lake. Akaliburuta gunia hadi mlangoni, na lilikuwa zito, lakini hakuomba msaada.

"We mtoto! Rudi hapa."

Akasimama, mkono ukiwa bado kwenye gunia.

Dada akasonya. Akaivuta simu, akabonyeza kinasa sauti kwa gumba lile lile. "Sikilizeni. Kidole mnachokiona ni changu. Sikutumwa, niliiba. Kurasa nilizoruka ziko dukani kwetu, ndani ya kitabu kizima. Na anayemwita mdogo wangu mchoyo, aje aniite mimi. Nina mkasi."

Kesho yake muuza mayai alifika kabla hata vumbi halijafagiliwa, akaketi.

"Kumbe ni wewe kweli! Na siku ile ulivyonyamaza! Basi nionyeshe hizo kurasa mbili. Napiga picha moja tu, kundi zima linanisubiri."

Kimya akachukua mkono wa gauni uliokatwa, haujaungwa popote, akamwekea mapajani.

"Vaa huo, uende nao sokoni."

"Mkono mtupu? Watu watasemaje?"

"Basi. Hapa hatuuzi mkono bila gauni."

"Na picha hatupigi," dada akadakia kutoka kwenye cherehani, bila kuinua kichwa. "Mimi nilishaacha."

Muuza mayai akanuna. Akanyanyuka, akafika mlangoni, akasimama. Akalitazama gunia, akamtazama Kimya.

"Lakini kweli, bibi wee. Sandukuni mlikuwa na nini?"

Kimya akachukua pini nne, akazibana mdomoni.