Jogoo Aliyelipia Gasketi

Haya yote ni kweli tupu. Mzee Polikarpi mwenyewe aliapa hivyo mbele ya kanisa la Kaisho, mkono mmoja ameunyoosha juu, kwapani mwa mwingine amembana jogoo wake mwekundu. "Nikiongeza chumvi hata punje," alisema, "jogoo huyu si wangu tena, ni wa kanisa." Watu walisikia, na jogoo alisikia. Sasa turudi nyuma kidogo, tuone kiapo kile kilitoka wapi na kilimfikisha wapi mwapaji.

Chanzo ni nyonga ya mke wake. Kemilembe aliteleza shambani kwao Kiruruma akichuma kahawa baada ya mvua, akaangukia kisiki, nyonga ikavunjika. Akalazwa, akapasuliwa, akarudi nyumbani na fimbo, pamoja na amri ya daktari kwamba pikipiki asiiguse, na basi la kubanana vilevile. Muda wote ule wa kulala chali, wanawake wa Kaisho alikozaliwa, wale alioimba nao kwaya tangu usichana, walikuja kwa zamu. Mmoja akiondoka, mwingine anateremka kwenye basi mjini Omurushaka na kifurushi kichwani. Walimwogesha, wakampikia, wakamsimamisha hatua ya kwanza. Walimfulia hata Polikarpi soksi zake, kazi ambayo yeye mwenyewe husema inahitaji moyo wa askari. Hapo haongezi chumvi.

Basi Kemilembe akaweka nadhiri. Jumapili ya mavuno atasimama kanisani Kaisho, kwa miguu yake, awashukuru wale wanawake mbele ya madhabahu. Salamu za simu hakuzitaka. "Mtu aliyekuogesha," alisema, "unamshukuru akiwa anakuona umesimama."

Njia ya kumfikisha ilikuwa moja tu, pikapu yao kuukuu. Na wiki ile ile ya mavuno, pikapu ikaanza kuvuta sigara.

Mara ya kwanza walikuwa wanatoka zahanati. Moshi wa buluu ukapenya sakafuni, ukajaa ndani, Kemilembe akakohoa, na kila kikohozi kikawa kinampiga nyonga kama nyundo. Walifika nyumbani machozi yanamtoka.

"Baba Benitha," alisema akishushwa, "kwa moshi huu sifiki hata Omurushaka."

Polikarpi akafungua boneti. Tangu astaafu kuendesha greda la barabara alikuwa amejifundisha ufundi mwenyewe, kwa kufungua vitu na kujaribu kukumbuka vilivyokuwa vimekaa. Safari hii hakuhitaji kuwaza sana. Juu ya injini kuna mfuniko wa bati, mafundi wanauita kava ya tapeti. Chini ya mfuniko kuna gasketi, ukanda wa mpira unaozuia oili isitoke. Gasketi ilikuwa imekauka na kuwa ngumu kama ukoko wa wali, oili ikawa inachuruzika ubavuni na kudondokea bomba la ekzosi, na ikifika pale inaungua.

"Kazi ndogo," akamwambia mkewe. "Greda langu niliwahi kulibadilisha injini nzima huku linatembea."

"Nani alikuwa anaendesha?"

"Lilikuwa limezoea barabara."

Alhamisi akaenda Omurushaka. Joyness, binti wa duka la spea, akampa shikamoo, akamletea gasketi mpya, na juu yake akaweka tyubu ndogo ya silikoni.

"Mzee, safisha mfereji wake vizuri, usiache oili hata tone. Silikoni pakaa kwenye kona tu. Na nati usikaze kwa nguvu."

"Gasketi nachukua, mjukuu wangu. Hiyo gundi rudisha. Ya kwangu ipo shambani, haijaisha tangu enzi za babu."

Joyness akamwangalia kwa huruma, akairudisha tyubu kwenye rafu.

Sasa, kila mtu wa Karagwe anajua utomvu wa mgomba. Ukikudondokea kwenye shati, utazikwa na doa lile. Mtoto akishika kikonyo cha mkungu uliokatwa leo, kesho shuleni vidole bado vinagandana na kalamu. Mzee Polikarpi alikuwa ameliwaza jambo hilo tangu alipoona moshi. Kama utomvu unashinda sabuni, jiki na mama mkwe mwenye jiwe la kusugulia, utashindwaje na oili?

Ijumaa asubuhi akakata mgomba, akakinga utomvu kwenye kifuniko cha chupa ya chai. Akafungua nati za kava, akainua mfuniko, akaubandua ukanda wa zamani vipande vipande. Mfereji akaufuta kwa jani. Kisha akapaka utomvu pande zote kwa unyoya wa jogoo, akalaza gasketi mpya, akafunika, akaning'inia kwenye spana kwa uzito wake wote mpaka nati zikalia. Akawasha.

"Unachoma ndizi?" Kemilembe akauliza kutoka jikoni.

"Injini inapata harufu ya nyumbani!"

Harufu kweli ilikuwa tamu. Kisha oili ikaruka. Haikuchuruzika tena, iliruka, ikamchora shati kutoka kola hadi mfukoni. Alipofungua kava akaona kilichotokea. Utomvu mbichi unateleza kabla haujaganda. Gasketi ilikuwa imetoka kwenye mfereji wake kama kambare mkononi, ikabanwa na mfuniko, ikakatika vipande viwili.

Jumamosi akarudi Omurushaka kwa pikipiki ya kukodi, akakuta duka limefungwa. Mwenye duka ni Msabato, Joyness naye, na simu zao zilikuwa ibadani pamoja nao. Maduka mengine mawili yalikuwa na gasketi za magari ya aina nyingine. Polikarpi akarudi nyumbani, akakaa juu ya tairi la akiba, na kwa mara ya kwanza katika ndoa ile ndefu akakosa la kusimulia.

"Mama Benitha," akasema mwishowe, bila kuinua macho. "Tutume mkungu kwa basi. Wataelewa."

Kemilembe aliingia ndani, akatoka amejifunga kanga safi, akashika fimbo yake na kuingia kwenye njia ya migombani.

"Unakwenda wapi? Daktari alisema uwanjani tu!"

Hakugeuka. Polikarpi alisimama akiiangalia fimbo ile ikitangulia, mguu ukifuata, fimbo, mguu, mpaka majani yakamficha. Alijua njia ile inaishia wapi. Inaishia kwa Eliud.

Eliud alikuwa Mhaya wa Muleba, mfanyabiashara wa kahawa aliyehamia Kiruruma na kununua shamba la jirani. Polikarpi ni Mnyambo wa Karagwe, hivyo walikuwa watani wakubwa. Mwanzoni mwa wiki ile Polikarpi alikuwa amemcheka kwa sababu pikapu ya Eliud, pacha wa ile yake, nayo ilivuja, na Eliud alikuwa ameikingia kopo la maziwa. "Mhaya anakamua gari!" alimpigia kelele toka ng'ambo ya ua, siku moja kabla la kwake halijaanza kuvuja. Kwenda kumwomba mtu huyo msaada, Polikarpi aliona afadhali aisukume pikapu hadi Kaisho.

Walirudi wawili. Eliud alikuwa ametanguliza mkono wake, Kemilembe ameushika, na kwenye mkono wa pili Eliud alibeba pakiti ya gasketi na tyubu ya silikoni.

"Mtani," akasema, "nimesikia kuna mtu anapika injini kwa ndizi. Nimekuja na sahani."

"Hiyo gasketi umeitoa wapi?"

"Ni ya kwangu. Nilikuwa nifunge Jumatatu, niende Muleba kuwaona ndugu."

"Na Muleba je?"

"Muleba haihami. Na kopo bado halijajaa." Eliud akakunja mikono ya shati. "Toka hapo kwenye tairi. Nitafutie petroli kidogo na mswaki wa zamani."

Utomvu ulikuwa umeungua ukawa mweusi, umeng'ang'ania bati kama deni la ukoo. Eliud aliziba matundu ya injini kwa kitambaa safi ili uchafu usidondokee ndani, akaanza kusugua mfereji pole pole.

"Nani kafundisha watu wa huku kutumia utomvu?" aliuliza akisugua.

"Nyie Wahaya mngeupaka mkasema mmeusomea Ulaya."

"Tungeusomea kwanza, ndiyo tofauti. Shika tochi vizuri, Mnyambo. Mwanga huku, siyo usoni mwangu."

"Huo mswaki..." Polikarpi akausogelea. "Huo mswaki ni wangu! Wa sasa!"

"Niliomba wa zamani," Eliud akamgeukia Kemilembe.

"Mimi ndiye niliyekupa," Kemilembe akasema kutoka kwenye kigoda chake. "Huo ndio uliokuwa karibu." Akacheka, na kicheko kile hakikumuumiza nyonga.

Silikoni wakaipaka kwenye kona tu. Gasketi ikakaa kwenye mfereji wake bila kulazimishwa. Ulipofika wakati wa nati, Polikarpi akaidaka spana, na Eliud akamshika kiwiko.

"Taratibu. Anzia katikati, uende pembeni, kidogo kidogo."

"Kama kufunika chungu cha ndizi," Kemilembe akadakia. "Unabonyeza majani katikati kwanza, kisha pembeni. Ukianza na upande mmoja, mvuke unatokea upande wa pili. Miaka yote unakula, hujaona?"

Polikarpi akamrudishia Eliud spana. Akashika tochi mpaka nati ya mwisho. Eliud akakataza injini isiwashwe mpaka asubuhi, silikoni ikauke, akakataa hata chai, akaenda zake akipiga mluzi.

Jumapili walipowasha, Polikarpi alipitisha leso nyeupe kuzunguka mfuniko wote. Ikatoka nyeupe. Akaitazama kitambo, akaikunja, akaitia mfukoni.

Wakapakia mkungu mkubwa wa ndizi, na Polikarpi akampakia na jogoo. Siyo kwa sadaka. Alikuwa amewatangazia watu wa Kaisho kwa miaka kwamba ana jogoo anayewika kila asikiapo kengele ya kanisa, na siku hiyo alitaka kuwafunga midomo. Njia nzima hapakuwa na moshi. Kwenye kona za kuingia wilaya ya Kyerwa, iliko Kaisho, Kemilembe alianza kuimba sauti ya pili ya wimbo wa mavuno, taratibu, kama anayejaribu sakafu kwa mguu, na Polikarpi akalazimika kufuta macho na kusema ni vumbi, ingawa madirisha yalikuwa yamefungwa.

Wanawake wa kwaya walipomwona akishuka mwenyewe, wakapiga vigelegele wakamzunguka, wakamwingiza kanisani. Polikarpi akabaki uani na wanaume. Na wanaume wakauliza, tulisikia gari limekufa, limefufukaje?

Mdomo ukafunguka wenyewe.

Akawaambia jinsi alivyoifunga gasketi peke yake, amefumba macho, kwa kusikiliza tu. Jinsi alivyoigundisha kwa utomvu wa mgomba, na utomvu ukashika hata fundi mmoja Mhaya, jina halitaji, akaja kuomba kufundishwa. Jinsi injini sasa inavyonukia hata ukipita vijijini watu wanatoka na sahani.

Clavery, kaka yake Kemilembe na mzee wa kanisa, alisikiliza ameinamisha kichwa.

"Shemeji, unaweza kuapa?"

Hapo ndipo mkono ulipopanda juu na jogoo akatiwa kwenye kiapo. Kengele ikalia. Jogoo hakuwika.

Ndani ya ibada, wakati wa shukrani, Kemilembe alisimama. Aliegemeza fimbo kwenye benchi, akaiacha.

"Namshukuru Mungu nimesimama," alisema. "Nawashukuru ninyi mlioniogesha," na akawataja mmoja mmoja, kila mmoja na alichofanya, mpaka aliyefua soksi. Watu wakalia, watu wakacheka. "Namshukuru jirani yetu Eliud. Jana aliitoa gasketi aliyojinunulia, akaifunga kwenye gari letu, lake likabaki linavuja. Bila yeye nisingefika." Akapumua. "Na namshukuru mume wangu Polikarpi, aliyeshika tochi."

Wanaume waliokuwa uani wakaanza kukohoa. Kikohozi kikageuka kicheko, kicheko kikapanda mpaka kwa wanakwaya, na mwinjilisti akajificha nyuma ya kitabu cha nyimbo. Polikarpi alitazama dari. Kemilembe alitembea hadi kwenye benchi yake bila fimbo, na alipokaa akambonyeza mumewe mkono.

"Sikujua umeapa," alimnong'oneza, Clavery alipokwisha kumweleza.

"Ningejua utataja tochi," alisema Polikarpi, "ningeiacha nyumbani."

Baada ya ibada, mazao ya sadaka yalinadiwa uani kama ilivyo desturi. Mihogo ikaenda, maharage yakaenda, mkungu wa Kemilembe ukagombewa. Kisha Clavery akanyoosha mikono miwili kwa shemeji yake. Polikarpi akamkumbatia jogoo mara ya mwisho, akamtoa.

"Jogoo wa kiapo!" Clavery akanadi. "Hawiki kwa kengele, anawika kwa ukweli tu, ndiyo maana kwao hajawahi kusikika! Nani?"

Kemilembe akafungua pindo la kanga, akampandishia bei kila aliyethubutu, mpaka jogoo akaangukia kwake. Polikarpi akachangamka.

"Ahsante, mke wangu. Najua huwezi kuniacha."

"Si wako," akasema Kemilembe.

Jioni pikapu ilisimama mbele ya ua wa Eliud, injini kavu, kopo la maziwa likiwa bado mahali pake chini ya pikapu ya pili. Eliud akatoka.

"Mmerudi! Nyonga vipi, mama?"

"Imeshukuru," Kemilembe akajibu, akampa mumewe jogoo dirishani.

Polikarpi akateremka. Njia nzima alikuwa ametunga namna jogoo yule alivyokataa kurudi Kiruruma mpaka apelekwe kwa Eliud, namna alivyosema hivyo kwa Kinyambo safi. Akavuta pumzi, akafungua mdomo. Nyuma yake fimbo ikagonga sakafu ya gari mara moja.

"Mtani," alisema, akamnyooshea jogoo. "Ahsante. Kesho asubuhi naenda Omurushaka kukununulia gasketi yako. Na silikoni. Tochi nitashika mimi."