Kikohozi cha Ersilia Bovero

Asubuhi ya Jumatatu, Ottavia Bovero alikuwa akikoroga ugali wa mahindi wakati binti yake Ersilia aliposhuka ngazi za mbao bila viatu vyake kutoa sauti.

"Umevua viatu?"

"Nimevaa, mama."

Ottavia akageuka, akaona kweli amevaa. Akasema jirani wa chini atafurahi.

Ersilia alikuwa mshona kofia wa miaka kumi na tisa, mwenye macho makubwa. Kampuni moja ya filamu pale mjini Torino ilikuwa imemchukua, na Jumamosi alikuwa amemaliza filamu yake ya kwanza. Siku hizo filamu hazikuwa na sauti. Ukumbini alikaa mpiga piano tu. Tangu hapo, kila filamu ilipokwisha, Ersilia alirudi nyumbani amepungukiwa na sauti moja. Baada ya viatu ukaenda mlio wa kijiko chake kwenye bakuli, kisha kicheko. Maneno yalimbakia. Mtaani walizoea.

Baridi ilipoingia, alianza kukohoa, na kikohozi nacho hakikusikika. Mgongo ulijikunja, leso ikalowa damu, chumba kikabaki kimya.

Akamwendea mwongozaji, Bwana Gastaldi.

"Bwana, naumwa kifua. Naomba nipumzike."

"Wagonjwa wa kifua wanakohoa, binti yangu. Tuko wote tangu asubuhi, sijakusikia."

"Nakohoa hivi sasa."

Gastaldi akayatazama mabega yake yakitikisika. "Hapo hapo, usisogee," akasema, kisha akamgeukia mpiga picha. "Mchukue hivyo hivyo."

Daktari wa kampuni aliweka sikio kifuani, akasema humo mmetulia kabisa, huyu ni mzima wa afya. Wakamrudisha kwenye maji ya mto, kwa kuwa katika filamu ile alitakiwa azame, na Gastaldi hakuridhika upesi na kuzama kwake.

"Bora ningebaki kwenye kofia," Ersilia alimwambia mama yake kitandani. "Kule ningewakera kwa kukohoa, wangenirudisha nyumbani."

Alifariki kabla ya Pasaka.

Filamu ilipooneshwa, kikohozi chake kilitoka kwenye kitambaa cheupe cha kuoneshea picha, kikavu, kirefu, kikajaa ukumbini. Watu waliendelea kutazama. Wenye viti vya bei kubwa ndio waliolalamika, na kampuni ikaongeza mpiga ngoma ili kukifunika. Ottavia akawa anakwenda kila Jumapili, akikaa mstari wa mbele kabisa, ambako aliweza kumsikia mwanawe kati ya pigo na pigo.

Jumapili moja, mzee aliyekaa kando yake akitafuna mbegu za maboga alimwinamia.

"Mama, huyo binti si anaumwa?"

"Anaumwa."

"Sasa mbona hawamwachi akalale?"

"Hawajamaliza naye kazi."

Mzee akafikiri kidogo. "Ila anaigiza vizuri," akasema, akamsogezea mbegu.

Ottavia akachukua chache, akashukuru.